Michembe, Matobolwa na Rangi Inayopotea Kihengeni

Msafiri apitaye njia za Misungwi, Kwimba au Magu katika miezi ya Juni na Julai huona majabali ya kando ya vijiji yamebadilika sura. Juu ya mgongo wa jiwe la kijivu vimetandazwa vipande vyeupe, na siku hizi vingine vya rangi ya machungwa, na aghalabu hakosi mtoto aliyewekwa hapo na fimbo ili kuwafukuza mbuzi na kuku. Vipande hivyo ni viazi vitamu. Vikimenywa, vikakatwa vibichi na kuanikwa, huitwa michembe. Vikichemshwa kwanza, ndipo vikakatwa na kuanikwa, huitwa matobolwa. Upande wa kaskazini wa ziwa, Wateso wa Uganda wanayo desturi iyo hiyo, nao michembe yao huiita amukeke.

Wengi wetu tuliosomea miji mikubwa tumezoea kukitazama chakula hiki kama chakula cha shida. Mtazamo huo si wa haki. Michembe na matobolwa ni kazi ya kemia iliyofanywa bila maabara, na imefanywa vema kiasi kwamba mwalimu wa sayansi anaweza kufundishia sehemu kubwa ya silabasi yake akiwa amesimama kando ya jabali. Hata hivyo, tangu viazi vyenye rangi ya machungwa vilipoanza kuingia mashambani, ufundi huu wa kale umekutana na tatizo ambalo mabibi zetu hawakuwa nalo. Tatizo lenyewe haliko juani, kama wengi wadhanivyo. Limo ndani ya kihenge.

Kwa nini kiazi kisikae tu ardhini?

Mhogo unaweza kuachwa ardhini mwaka mzima na zaidi ukisubiri mwenye nao. Kiazi kitamu hakina subira hiyo. Mvua zikiisha mwezi Mei, udongo hukauka na kupasuka, na katika nyufa hizo hupenya fukuzi wa viazi, mdudu mdogo wa jenasi iitwayo Cylas, akataga mayai yake kwenye kiazi. Funza wakitoboa, kiazi hujilinda kwa kutengeneza kemikali chungu, na hata sehemu ambayo haikuguswa huwa haifai kuliwa. Kila aliyewahi kuuma kiazi cha namna hiyo anaujua uchungu wake.

Kikichimbwa, kiazi bado ni kiumbe hai. Kinapumua, kinatumia wanga wake, kinapoteza maji, na kila jeraha la jembe ni mlango wa ukungu. Katika joto la nyumba zetu hukaa wiki mbili, pengine nne, kisha hunywea au kuoza. Lakini mkulima wa Usukuma anahitaji chakula kitakachomfikisha Desemba, Januari na Februari, miezi ambayo mahindi mapya yangali shambani na ghala imekwisha kufagiliwa. Kati ya wiki nne na miezi saba kuna pengo kubwa, nalo huzibwa kwa jua.

Mwanafunzi na afanye hesabu ifuatayo. Chukua kilo 100 za viazi vilivyokwisha kumenywa. Kwa kawaida kama kilo 70 ni maji, na kilo 30 ni vitu vikavu. Michembe iliyokauka vizuri hubaki na maji ya asilimia 10 hivi. Basi zile kilo 30 sasa ni asilimia 90 ya uzito mpya, na uzito huo ni kilo 33 na ushei. Maji yaliyoondoka ni karibu kilo 67. Kila kilo moja ya maji, ili igeuke mvuke katika joto la mchana, inahitaji nishati ya megajuli 2.4 hivi, kwa hiyo kazi yote imetumia kama megajuli 160. Kilo moja ya kuni kavu hutoa takriban megajuli 16. Jua, likisaidiwa na upepo mkavu wa kiangazi, limempa mama huyo nishati ya kilo 10 za kuni bila malipo. Na kwa kuwa mafiga matatu hupoteza sehemu kubwa ya joto lake hewani, kama angetaka kukaushia motoni angehitaji mizigo kadhaa ya kuni.

Jabali lenyewe nalo halikuchaguliwa kwa bahati tu. Jiwe la matale hunyonya joto mchana kutwa na kulitoa polepole jioni, hivyo kipande hukaushwa juu na chini. Upungufu wake ni vumbi, kinyesi cha ndege, na umande wa alfajiri ambao humrudisha mwanikaji nyuma nusu siku. Wavuvi wa dagaa kandokando ya ziwa, waliokuwa wakianika mchangani, wengi wamekwisha kuhamia kwenye chanja zilizoinuliwa, na dagaa wao hawana tena mchanga wa kusaga meno. Sioni sababu ya michembe kutofuata njia hiyo. Upepo ukipita juu na chini ya chanja, hasara ya kuliacha jabali ni ndogo.

Maji yakishuka chini ya asilimia 12 au 13, bakteria na ukungu hawana maji huru ya kuishi nayo. Hiyo ndiyo siri nzima ya kukausha, ikiwa ni nyama, samaki, mboga au kiazi. Kipimo cha kijijini ni kukivunja kipande: kikilia kama kijiti kikavu, kimekauka, kikipinda, bado. Sijaona chombo cha bei nafuu kinachokishinda kipimo hicho.

Utamu wa matobolwa

Ukitafuna mchembe na tobolwa vilivyotokana na shamba moja, mara moja utatambua kwamba tobolwa ni tamu zaidi. Je, sukari hiyo imetoka wapi, ikiwa hakuna aliyeiongeza?

Ndani ya kiazi kibichi mna wanga mwingi uliofungwa katika chembechembe ngumu, na mna kimeng'enya kiitwacho beta-amilesi chenye uwezo wa kuukata wanga kuwa sukari ya maltosi. Katika kiazi kibichi viwili hivi vinakaa jirani bila kuonana, kwa kuwa chembe za wanga hazifunguki. Chungu kikianza kupata moto na joto la kiazi likafikia nyuzi 65 hadi 75 za sentigredi, chembe hizo hunyonya maji, huvimba na kufunguka, na kimeng'enya ambacho bado hakijauawa na joto hufanya kazi kwa kasi. Joto likizidi kupanda, kimeng'enya hufa na utengenezaji wa sukari hukoma. Kutokana na hayo, mwanafunzi anaweza kutabiri jambo ambalo wapishi walilijua zamani: kiazi kilichopikwa kwa moto wa polepole huwa kitamu kuliko kilichotumbukizwa katika maji yanayotokota, maana cha kwanza kimekaa muda mrefu zaidi katika joto lile la kati.

Kuchemsha huko huleta faida nyingine. Kiazi kibichi kilichokatwa huwa cheusi kikikutana na hewa, kwa kazi ya vimeng'enya vingine. Kuvichemsha ni kuviua. Ndiyo maana matobolwa hubaki na rangi safi, na michembe iliyochelewa kuanikwa huwa na madoa. Anayetaka michembe myeupe na aviweke vipande ndani ya maji mara tu anapovikata, na avianike asubuhi, siyo mchana jua likiwa limekwisha kupita utosini.

Rangi ya machungwa

Viazi vya asili vya Usukuma vingi vilikuwa na nyama nyeupe au ya manjano hafifu. Hivyo ni chakula kizuri cha nguvu, lakini karotini yao ni kidogo mno. Mambo yalibadilika pale aina zenye rangi ya machungwa, ambazo wananchi wameziita viazi lishe, ziliposambazwa katika Kanda ya Ziwa: Ejumula na Kabode kutoka Uganda, Mataya na Kiegea zilizotolewa na watafiti wa hapa nchini. Kazi ya kueneza viazi hivi barani Afrika ilitambuliwa mwaka 2016, Tuzo ya Chakula ya Dunia ilipotolewa kwa wataalamu wanne, akiwamo Robert Mwanga wa Uganda.

Rangi hiyo ndiyo karotini yenyewe. Mwili huigeuza karotini kuwa vitamini A, ambayo mtoto akiikosa huanza kushindwa kuona wakati wa magharibi, kinga yake dhidi ya surua na kuhara hudhoofika, na hali ikizidi kuwa mbaya kioo cha jicho huharibika kabisa. Serikali huwapa watoto wa miezi 6 hadi 59 matone ya vitamini A mara mbili kwa mwaka, na ni vema wazazi wasiyakose. Lakini chakula cha kila siku ndicho kinachotakiwa kubeba mzigo ulio mkubwa.

Kwa hiyo ilikuwa ni jambo la kawaida kabisa kwa mama aliyepewa mbegu ya viazi lishe kufanya alichofanya mama yake: kula vibichi vilivyochemshwa wakati wa mavuno, na kugeuza vilivyosalia kuwa michembe ya rangi ya machungwa, akiamini kwamba ameweka akiba ya chakula na akiba ya vitamini kwa pamoja. La kwanza ni kweli. La pili ndilo tunalopaswa kulichunguza.

Molekuli ya karotini ni mnyororo mrefu wa atomi za kaboni zenye vifungo maradufu vinavyopishana na vifungo vya kawaida. Mpangilio huo ndio unaonyonya mwanga wa buluu na kutuachia macho yetu rangi ya machungwa. Ni mpangilio huo huo unaoifanya karotini iwe dhaifu mbele ya oksijeni. Oksijeni ikiuvunja mnyororo, rangi hutoweka na vitamini hutoweka pamoja nayo. Hubaki vipande vidogo vyenye harufu inayokaribia ya maua makavu. Harufu ile ya michembe ya zamani, ambayo wengine huipenda, ni harufu ya karotini iliyokwisha kufa.

Kwa muda mrefu lawama zilitupiwa jua. Tulifundishwa, nami nilifundishwa hivyo ng'ambo, kwamba mwale wa jua ndio adui mkuu wa vitamini, na ushauri uliotolewa vijijini ulikuwa ni kujenga vikaushio vya gharama vyenye vivuli. Vipimo vilivyofanywa kwa viazi lishe nchini Uganda na kuchapishwa mwaka 2010 vilionyesha sura nyingine. Wakati wa kukausha, upotevu ulikuwa mdogo, kwa jumla asilimia 15 au pungufu. Lakini vipande hivyo vilipowekwa miezi minne katika joto la kawaida la chumba, kama asilimia 70 ya karotini ilitoweka. Hasara kubwa ilikuwa ghalani, gizani, mahali ambapo kila mtu alidhani chakula kimesalimika.

Tutie hesabu tena. Tuseme kiazi kimoja kibichi kina mikrogramu 60 za karotini katika kila gramu. Gramu 100 zina mikrogramu 6,000. Mwili unahitaji karotini ya chakula kiasi cha mikrogramu 12 ili kupata mikrogramu moja ya vitamini A, hivyo sahani hiyo ni sawa na mikrogramu 500, na mtoto mdogo anahitaji kati ya 300 na 400 kwa siku. Sasa vikaushe viazi hivyo: asilimia 15 imekwenda, zimebaki 425. Vitie kihengeni mwishoni mwa Julai. Ikiwa ni asilimia 30 tu inayobaki baada ya miezi minne, na ikiwa upotevu unafuata kanuni ile ile ya uozo wa elementi za mionzi, basi nusu hupotea kila baada ya miezi 2.3 hivi. Mwanzoni mwa Oktoba zimebaki kama 212. Mwishoni mwa Novemba ni kama 128. Mwishoni mwa Februari, miezi saba baadaye, zimebaki 52.

Yaani katika kilele cha njaa, mtoto anapohitaji zaidi, sahani ya michembe inampa wanga wake wote na vitamini A ambayo haifiki sehemu ya tano ya mahitaji yake. Na mama hana dalili yoyote ya kumtahadharisha isipokuwa rangi iliyofifia, ambayo mvuke na moshi wa jikoni humficha.

Kuziba mlango wa hewa

Adui akishajulikana, silaha huchaguliwa kwa urahisi zaidi. Adui ni oksijeni, akisaidiwa na joto. Kihenge cha fito ni ghala nzuri kwa mtama kwa sababu hupitisha hewa. Kwa sababu hiyo hiyo hakifai kwa karotini.

Napendekeza vyombo vidogo vinavyozibika: madumu safi ya plastiki, makopo yenye vifuniko vya kubana, au mifuko ya tabaka tatu inayotumika sasa kuhifadhia mahindi bila dawa. Chombo na kijazwe mpaka ukingoni, maana nafasi iliyo tupu imejaa hewa. Michembe mikubwa iliyopinda huacha mianya mingi kati yake. Ikivunjwavunjwa hukaa kwa kushikamana, na ncha kali hazitatoboa mfuko. Vyombo vitano vidogo ni bora kuliko kimoja kikubwa, kwa kuwa kila kinapofunguliwa hewa mpya huingia. Viwekwe sakafuni, mbali na jiko na mbali na bati la paa. Na kabla ya kuziba, vipande vipoe kabisa: ukivifunga vikiwa na joto la jua, mvuke utaganda ndani na ukungu utakuwa wa kwanza kula.

Chombo kilichozibwa hufaa pia dhidi ya dumuzi. Mdudu huyu, mwenye asili ya Amerika ya Kati, aligunduliwa mkoani Tabora karibu na mwaka 1980, na hakuishia kwenye mahindi. Hutoboa mhogo mkavu na michembe mpaka ibaki unga. Ndani ya chombo kisichopitisha hewa huishiwa na oksijeni akafa. Jambo lile lile linalomuua mdudu ndilo linaloiokoa karotini.

Je, matobolwa hukaa vizuri zaidi kuliko michembe? Kuchemsha huua vimeng'enya vinavyoshambulia karotini, na hiyo ni faida katika saa za kwanza za kuanikwa. Lakini oksijeni ya hewa haihitaji kimeng'enya ili ifanye kazi yake taratibu miezi mingi. Tobolwa lililoachwa wazi litapauka pia.

Liko pia shauri lisilohitaji chombo chochote. Kaya yenye viazi vyeupe na viazi lishe na ianze kula vya rangi, iviache vyeupe kwa mwisho. Vyeupe havina cha kupoteza. Viazi lishe vibichi viliwe Juni na Julai, michembe yake Agosti mpaka Oktoba, na kuanzia hapo vyeupe vishike zamu. Mvua za Novemba zikishuka, mbegu mpya hutoa matembele, na majani hayo mabichi yana karotini nyingi kuliko mchembe wowote wa Februari. Wapo wanaoona haya kumwekea mgeni matembele mezani. Hiyo ni haya ya bure. Kabla ya mvua, majani ya kunde yaliyokaushwa nayo husaidia, ingawa yapo chini ya sheria ile ile ya oksijeni.

Desturi moja ya zamani isiguswe: kupika michembe na karanga. Karotini huyeyuka katika mafuta, siyo majini, na utumbo huichukua vizuri zaidi chakula kikiwa na mafuta. Waliobuni mapishi hayo walifuata ladha, na ladha ikawafikisha pazuri.

Vitamini C ni habari nyingine, na niitaje kwa ufupi. Hiyo huyeyuka majini, huharibiwa na joto na hewa, na katika michembe karibu yote imekwisha kuondoka. Katika kisiwa cha Puerto Rico, mwaka 1946, watafiti walionyesha kwamba tunda dogo jekundu liitwalo acerola lina zaidi ya miligramu 1,000 za vitamini C katika kila gramu 100. Lakini tunda hilo huharibika siku mbili au tatu baada ya kuchumwa, na wenye nalo hulazimika kuligandisha au kulikamua upesi. Sisi hatuna haja ya kulitamani. Pera la uani lina vitamini hiyo kiasi cha miligramu 200 hivi kwa gramu 100, mara kadhaa ya chungwa, na njia bora ya kulihifadhi ni kulila likiwa bichi siku ile ile.

Jaribio la shuleni

Walimu wa vidato vya tatu na nne wanaweza kulifanya jambo hili lionekane kwa macho katika muda wa mihula miwili. Tafuteni kilo tano za viazi lishe, mvikate kwa unene mmoja wa milimita nne hivi, mkaushe kwa siku moja hiyo hiyo kwenye chanja, kisha mgawanye katika chupa nne: ya kwanza wazi na mahali penye mwanga, ya pili wazi lakini gizani, ya tatu imezibwa ikiwa imejaa pomoni, ya nne imezibwa ikiwa na michembe robo tu. Kila wiki mbili chukueni gramu tano kutoka kila chupa, msage, mtikise pamoja na asetoni, mchuje na kulinganisha rangi ya kimiminika. Shule nyingi hazina chombo cha kupimia rangi, lakini mfululizo wa miyeyusho ya dikromati ya potasiamu, iliyozimuliwa hatua kwa hatua katika mirija iliyozibwa, hutosha kuwa kipimo cha kulinganishia. Mwalimu mwenyewe ndiye aitayarishe, kwa kuwa dikromati ni sumu, na pasiwe na moto karibu na asetoni.

Chupa ya pili na ya nne ndizo za kutazamwa kwa makini zaidi. Ya pili itawaonyesha kiasi giza peke yake lisivyoweza kuzuia upotevu. Ya nne itafifia kwa kasi mwanzoni, kisha huenda ikapunguza mwendo baada ya oksijeni iliyofungiwa ndani kupungua. Na kila mnapoifungua kuchukua gramu zenu tano mtakuwa mmeingiza hewa nyingine, kwa hiyo ni afadhali kuandaa chupa kadhaa za namna ya nne na kufungua moja moja.